Faili Mbili za Suleiman Halake

Tarasaa,
9 Januari 2023

Kwa binti yangu Kadra,

Asalaam aleikum. Natumai barua hii inakukuta mzima, wewe na mumeo na watoto. Sisi huku hatujambo, ila goti la mamako linamsumbua kila baridi ya asubuhi, na ng'ombe tuliobaki nao baada ya ule ukame ni sita tu. Alhamdulillahi, tunakula, tunalala.

Najua utacheka kwamba naandika barua zama hizi. Simu yangu ilianguka majini nikivuka mto, na sitaki nyingine. Tena jambo langu ni la karatasi, na mtu aliyefanya kazi ya serikali miaka thelathini na tatu anajua kwamba neno la mdomo halina faili. Kondakta wa basi atakufikishia mpaka ofisini kwenu.

Unakumbuka mwaka wa 2006 nilipokwenda Hola na lile koti la kahawia? Tuliitwa kwenye usaili wa cheo cha Msimamizi wa Kituo, mimi na Danson Kiti. Mkubwa wetu alitupa mkono akasema, "Mmepita. Ngojeni barua." Tukangoja. Mkubwa akahamishwa, kisha akafa. Mimi nikastaafu 2017 nikiwa msoma kipimo, cheo kilekile nilichoanza nacho mwaka wa 1984, nikisimama kila asubuhi pale darajani Garsen kuandika mto umefika wapi.

Danson amesikia kuna wastaafu waliokwenda mahakamani kudai vyeo vyao wakasikizwa. Nataka twende. Si kwa ajili ya pesa, mwanangu. Nataka barua yangu. Wenzangu wakiniita "msimamizi" kwa mzaha pale msikitini, huwa najifanya sikusikia. Muulize huyo wakili unayemfanyia ukarani, Bi Ramla, kama atatuchukua.

Babako,
Suleiman Halake


Malindi,
17 Aprili 2023

Baba mpendwa,

Shikamoo. Ramadhani inaisha, nakuombea funga yako ikubaliwe. Sisi wazima. Mpe Mama pole ya goti, nimemtumia dawa ya kuchua kwa kondakta huyuhuyu.

Bi Ramla amewachukua wote wawili. Alisema mapema kwamba muda umepita sana na hapo ndipo watakapotubana, lakini kesi imesajiliwa. Wiki jana idara ya maji ilijibu. Kaa chini kwanza, Baba, ndiyo usome.

Kuhusu Mzee Danson wamejibu tulivyotarajia: amechelewa. Kuhusu wewe wameleta jingine kabisa. Wanasema Suleiman Halake alipandishwa cheo Julai 2006, akapelekwa kituo cha kupimia maji kilicho juu ya Wema, akakaa huko miaka minane, akafa Machi 2014, na akazikwa hukohuko. Wameambatanisha cheti cha kifo. Namba ya kitambulisho ni yako. Mwaka wa kuzaliwa ni wako. Kisha wanauliza: basi huyu anayeshtaki leo ni nani?

Una faili mbili, Baba. Moja ni ya msoma kipimo aliyestaafu. Nyingine ni ya msimamizi aliyekufa.

Barua ya kukubali cheo haina sahihi, ina alama ya dole gumba. Wewe una mwandiko mzuri kuliko wangu, kwa nini uweke dole? Na kuna madaftari ya vipimo, maji ya asubuhi na maji ya jioni, miaka minane bila siku hata moja kurukwa. Ni tarakimu tupu. Hakuna neno. Nilikuwa nayapitia mchana, jua kali, feni imezimika, nikayafunga kabla sijamaliza.

Niambie unalolijua, hata kama ni baya.

Mwanao,
Kadra


Tarasaa,
14 Juni 2023

Kwa Kadra,

Salaam nyingi. Mama amepata nafuu, anakushukuru. Mimi afya ninayo, usingizi ndio sina.

Naapa kwa aliyeniumba, sijui lolote. Kile kituo nilikijua zamani. Nyumba yake ilibomolewa na mafuriko ya 1997, nikadhani kimefutwa. Basi nilikodi pikipiki mpaka Wema nikaone kwa macho yangu mahali nilipofia.

Nilionyeshwa mama mmoja mkulima, Asenath, ambaye shamba lake la mpunga linapakana na kituo. Nilimkuta akipalilia. Nikamsalimu, nikamtajia jina. Akaweka jembe chini.

"Rudia."

"Suleiman Halake."

"Suleiman Halake tulimzika," akasema. "Mkeka niliuleta mimi."

Nikamwonyesha kitambulisho. Akakishika muda mrefu, akanirudishia kwa ncha za vidole, kama mtu anayeshika samaki asiyemjua. Ndipo akanihadithia. Mtu huyo aliletwa na gari la kazi, peke yake, na sanduku moja. Akajijengea kibanda cha makuti. Hakula nyumba ya mtu, hakumtembelea mtu. Ukimwita "Suleiman" alikuwa anakawia kuitika, kama mtu anayejikumbusha. Kazi yake aliifanya. Kila alfajiri alisoma kipimo, halafu akasimama ukingoni akapaza sauti, akataja namba ya maji ili watu wa mashamba ya chini wajue kama wahame au wabaki.

Nikamuuliza, "Sura yake ilikuwaje?"

Akafikiri. "Unajua, sikumbuki sura. Siku zote alitupa mgongo. Alikuwa anatazama maji."

Kaburi halipo, mto ulilichukua na ukingo mzima mwaka wa 2018. Lakini nguzo ya kipimo bado imesimama, na ilikuwa safi, Kadra. Nguzo zote za mto huu zimeshika matope mpaka shingoni. Hii ilikuwa imepanguswa mpaka maji yanapoanzia. Nikamuuliza Asenath nani anaipangusa. Akasema hakuna.

Nilipokuwa napanda pikipiki akanifuata. "Mzee, nisikufiche. Maji yakitaka kupanda, mpaka leo sauti inakuja. Alfajiri. Inataja namba. Na namba ni ya kweli."

Nakuandikia kama alivyonieleza. Mimi mwenyewe sikusikia kitu.

Babako,
Suleiman


Malindi,
30 Oktoba 2023

Baba,

Shikamoo. Watoto wanakusalimia, mkubwa ameng'oka jino la mbele na anajivuna.

Tarehe imetoka: Jumanne, 21 Novemba, saa tatu asubuhi. Bi Ramla anasema yote yatategemea wewe kusimama mbele ya jaji na kuonekana kwamba u hai na ndiwe wewe. Anataka pia maelezo ya Mama Asenath kwa maandishi. Mfuate mapema. Mvua inatangazwa kubwa mwaka huu, usije ukakwama. Ikifika tarehe 19 uwe kwangu.

Habari za sauti sikumwambia Bi Ramla. Tafadhali na wewe usizitaje mahakamani.

Mwanao,
Kadra


Malindi,
22 Novemba 2023

Baba mpendwa,

Shikamoo, na hongera! Natumai ulifika salama, ingawa sijui ulipitia wapi. Jioni ndipo nilipopata habari kwamba barabara ya Garsen imekatwa na maji tangu wiki iliyopita. Ulikujaje? Na kwa nini hukulala kwangu? Chumba kilikuwa tayari tangu Jumapili.

Nilipofika mahakamani nikakukuta umeshakaa kwenye benchi la nje na koti lako la kahawia, mikono magotini. Nilifurahi hata nikasahau kukugombeza. Nilikuletea chai na mahamri. Ulikishika kikombe mpaka chai ikapoa, hukunywa. Nikadhani ni wasiwasi.

Baba, sijawahi kukusikia ukizungumza vile. Wakili wa idara alidhani atakukamata kwa madaftari. "Aprili 2010, tarehe kumi na moja, asubuhi?" Ukajibu hapohapo: "Mita tatu nukta mbili." Akafungua ukurasa mwingine, ukajibu. Akafungua wa tatu, ukajibu. Mpaka jaji akamwambia inatosha. Mzee Danson alikuwa kando yangu akitokwa na machozi.

Sikuelewa mambo mawili. Kwa nini ulimwambia jaji kwamba ulikaa kituoni miaka minane peke yako? Hatukupanga hivyo. Na karani alipokupa kalamu utie sahihi kwenye hati ya ushahidi, uliisukuma, ukaomba wino, ukaweka dole gumba. Kisha ukanigeukia mimi, ukauliza, "Binti, jina limeandikwa?" Nikasema limeandikwa. Ukauliza tena. Na mara ya tatu. Kila nikijibu ndiyo, ulikuwa unatikisa kichwa kama mtu aliyeonyeshwa mtoto asiye wake.

Tulipotoka umati ukatutenganisha, na sikukuona tena. Hukuaga. Niandikie.

Mwanao,
Kadra


Wema,
24 Novemba 2023

Mwanangu Kadra,

Asalaam aleikum. Nisamehe. Naandika nikijua nimekuangusha.

Nilikuja Wema tarehe 12 kuchukua maelezo ya Asenath. Usiku wa tarehe 13 mto ukapasua ukingo. Tangu hapo tuko shuleni kwenye mwinuko, familia kama arobaini, maji pande zote, na mtumbwi uko mmoja tu wa kubebea wagonjwa. Simu za watu zimekufa chaji. Jumanne tarehe 21 nilikaa kwenye ngazi za darasa tangu asubuhi mpaka adhuhuri nikitazama upande wa Malindi, nikijua kwamba saa hizi jaji anaita jina langu na hakuna anayeitika. Sikuwahi kujisikia maiti kama siku hiyo.

Kuna jambo nitakuambia, ulipokee tu. Sauti nimeisikia. Tangu tarehe 14, kila alfajiri, kutoka upande wa kituo, ambako sasa hakuna pa kusimama. Inataja namba mara moja, inanyamaza. Watu hapa hawashangai, wanahesabu tu: imepanda, imeshuka. Wanaume wawili walihamisha wazee wao kwa namba hiyo, na maji yakafika palepale.

Jumanne haikuja. Tulingoja mpaka jua likatoka. Asenath akajifunga kanga yake vizuri akasema, "Leo amesafiri."

Jumatano ikarudi.

Mwambie Bi Ramla aniombee tarehe nyingine. Barua hii naipa mtumbwi wa wagonjwa, sijui itakufikia lini.

Babako,
Suleiman


Malindi,
12 Desemba 2023

Baba,

Barua yako imefika leo. Nimeisoma mara nne. Niliangalia muhuri wa mwalimu mkuu wa shule hiyo ulioniwekea chini, nikaangalia tarehe, nikaangalia tena.

Nilikaa naye bega kwa bega. Nilimfuta vumbi kwenye kola.

Sikiliza sasa, kwa sababu mambo yamekwenda mbele. Wakili wa idara aliomba lile dole lipimwe na mtaalamu, akiamini litaonyesha wewe ni tapeli. Majibu yametoka Ijumaa. Dole la tarehe 21 na dole la barua ya 2006 ni la mtu mmoja. Idara imevunjika miguu. Wanakiri kwamba msimamizi Suleiman Halake yuko hai na kwamba cheti cha kifo ni makosa, na wako tayari kutambua cheo chako. Barua yako, Baba. Inaandikwa. Imebaki wewe kunyamaza.

Nakuomba unyamaze. Si kwa ajili yako peke yako. Mimi ndiye niliyesimama mbele ya karani nikasema, huyu ni baba yangu. Ukienda kusema hukuwepo, nitaulizwa nilimleta nani. Bi Ramla ataulizwa. Mzee Danson ataulizwa, na kesi yake itazama na yako. Na nitawajibu nini? Kwamba nilimkaribisha chai?

Usimwambie mtu. Njoo nyumbani maji yakipungua.

Mwanao,
Kadra


Tarasaa,
3 Januari 2024

Kadra mwanangu,

Salaam. Nimerudi, nimemkuta Mama mzima, ng'ombe mmoja amekwenda na maji. Barua zako mbili nimezikuta zinaningoja. Nimekaa nazo siku sita.

Kule shuleni, wiki ya tatu, Asenath alinitolea jambo alilolibeba miaka tisa. Yule mtu alipougua homa yake ya mwisho, yeye ndiye aliyempelekea uji. Akamshika mkono akamwambia, "Mama, mimi siitwi Suleiman. Naitwa Guled Siyad, wa Bura. Nina binti, Sagal." Alikuwa kibarua wa kuzibua mifereji. Mkubwa wetu, yuleyule aliyenipa mkono Hola, alimwambia: kazi ipo, lakini ukitaka kazi jina lako ni hili. Cheo kikaandikwa kwangu, kazi akaifanya Guled, na sehemu kubwa ya malipo ikaishia njiani. Alipokufa, Asenath alimwambia ofisa aliyekuja kwamba marehemu anaitwa Guled. Ofisa akamjibu, "Homa husema mengi," akaandika Suleiman.

Miaka kumi na saba mimi nimelia kwamba nimenyimwa cheo. Huyu alinyimwa jina. Alikuwa na mtoto, na mtoto hajui baba yake alipolala.

Sasa mwanangu, nikinyamaza nitapata barua. Itasema nilisimamia kituo miaka minane. Nitaitundika ukutani, na kila nikiitazama nitakuwa namzika tena, kwa mkono wangu mara hii. Ulisema alikuuliza mara tatu kama jina limeandikwa. Unadhani alikuwa anauliza jina gani?

Najua nakutia motoni. Wewe ndiwe ninayekuogopea, si jaji. Lakini nimeshamwandikia Bi Ramla, na nimepeleka nakala mahakamani, ili asije mtu akasema mimi na wewe tulipanga. Nimesema sikuwepo. Nimesema niko tayari kutoa dole langu.

Nikasirikie, ni haki yako. Usiache kunisalimia tu.

Babako,
Suleiman


Malindi,
19 Agosti 2024

Baba,

Shikamoo. Miezi saba sikukuandikia. Hata Juni, ulipokuja mahakamani, nilikaa benchi la nyuma, nikaondoka kabla hujageuka. Mama aliniambia ulinisubiri stendi mpaka basi la mwisho. Nisamehe.

Nilikuwa na hasira, na nilikuwa na hofu. Siku ile ulipoweka dole lako mbele ya wote, na yule mtaalamu akasema silo, na Asenath na mwalimu mkuu na mwenye mtumbwi wakaapa mmoja mmoja kwamba tarehe 21 ulikuwa Wema, nilimwona jaji akiweka kalamu chini na kukutazama wewe, kisha benchi tupu kando yako. Polisi walinihoji siku mbili. Wakamhoji Mzee Danson aliyefanya kazi nawe miaka thelathini, naye akaapa kwa Biblia kwamba aliyesimama kizimbani Novemba ulikuwa wewe. Mwisho wakafunga faili. Hawakujua wamtafute nani.

Hukumu ilisomwa Ijumaa. Ushahidi wa Novemba umefutwa wote. Dai lako limekataliwa, muda umepita. Mzee Danson amesamehewa muda akafaulu, kwa kuwa jina lake lilipatikana kwenye orodha ya waliopita na cheo chake hakikuwahi kutolewa, ila chako kilishatolewa 2006. Amenipigia, analia, anasema umsamehe maneno aliyokutukania uliposema hukuwepo. Na kama ulivyoomba, idara imekubali kurekebisha: utumishi wa kituo kile, Julai 2006 mpaka Machi 2014, umeandikwa kwa jina la Guled Siyad, Msimamizi wa Kituo, marehemu. Na cheti cha kifo vilevile.

Nilimtafuta binti yake. Sagal anauza nguo Bura. Alikuja ofisini leo asubuhi kuchukua nakala. Alikuwa na miaka tisa baba yake alipoondoka, na kwa muda wote huu mama yake alimwambia amewakimbia kwa mwanamke mwingine. Aliisoma barua ya cheo kwa sauti, jina na yote, akaikunja, akaiweka kifuani ndani ya buibui.

Nilimwomba picha. Anayo moja. Baba, Guled alikuwa mwanamume mrefu, mweupe wa ngozi, kipara mpaka kisogoni, na kovu la moto kuanzia sikio mpaka begani. Hafanani nawe hata ukucha. Sagal mwenyewe alisema baba yake ungemjua katikati ya watu elfu.

Mtu niliyekaa naye alikuwa na mvi zako, na meno yako, na ile alama ya pembe ya ng'ombe kwenye unyusi wako. Nimeitazama picha ile mpaka macho yakauma. Mimi nilimfuta vumbi nani?

Nijibu, Baba. Nahitaji kulala.

Mwanao,
Kadra


Tarasaa,
1 Septemba 2024

Mwanangu Kadra,

Asalaam aleikum, na ahsante kwa salamu. Zimenishibisha kuliko chakula. Mama anakuja kwako mwezi ujao, goti likimruhusu, na mimi nitamsindikiza. Sisi wazima.

Jibu la kitabuni sina. Ninalo la kwangu tu.

Jana Sagal alifika hapa na watoto wake wawili, nikawapeleka Wema. Asenath akamwonyesha ukingo. Sagal akasimama pale akaita jina la baba yake, lile la kweli, kwa sauti kubwa ya watu wa Bura, mara moja. Mimi niliwapa mgongo, si haki yangu kuona.

Usijiumize kuuliza ulimfuta vumbi nani. Ulimfuta mtu aliyekuja kutoa ushahidi wake. Miaka minane hakuna aliyemwita ila kwa jina langu, na kwa jina langu akatiwa ardhini. Jaji alipoita Suleiman Halake, yeye ndiye aliyekuwa amezoea kuitika. Ulitaka aje na uso wa nani?

Lala, binti yangu.

Babako,
Suleiman Halake,
Msoma kipimo, mstaafu